Kuhamisha na kushirikiana gemu za kompyuta baina ya akaunti: mwongozo kamili kwa nyumba zetu za Tanga

Gemu ya kompyuta inayonunuliwa mtandaoni ina sehemu mbili, na karibu kila anayekwama huwa amezichanganya. Sehemu ya kwanza ni mafaili, yaani gigabaiti zilizojaa kwenye diski yako. Ya pili ni haki ya kucheza, ambayo haikai kwenye diski hata kidogo. Imeandikwa kwenye akaunti yako, katika seva za duka ulilonunulia. Mafaili unaweza kuyatia kwenye diski ya nje, ukatoka nayo Ngamiani hadi Raskazone kwa binamu yako, na yakafika salama. Lakini binamu akifungua Steam, programu ya duka kubwa la gemu mtandaoni, kwa akaunti yake, ataambiwa anunue, kwa sababu haki imebaki kwako.

Kwa hiyo kabla ya kufanya lolote jiulize: nataka kuhamisha mafaili, au nataka mtu mwingine apate haki? Njia ni tofauti kabisa. Nimeandika haya kwa sababu naona nyumba zinalipa mara mbili kwa gemu moja, au kijana anapoteza akaunti aliyoijenga kwa miaka, ilhali njia halali zipo na hazina malipo.

Jambo dogo la kutangulia: angalia Windows uliyonayo. Steam iliacha kuhudumia Windows 7 na Windows 8 tangu Januari 1, 2024. Laptopu nyingi za mtumba zilizotoka maofisini bado zina Windows 7, na hapo utahangaika bure na hatua zote zinazofuata. Weka Windows 10 au 11 ya biti 64 kwanza.

Kwa nini haki haihami

Ukijisajili Steam unakubali mkataba wa Valve, kampuni ya Marekani inayoendesha duka hilo tangu 2003. Mkataba unasema unachopata ni leseni ya kutumia gemu, na akaunti ni ya mtu mmoja: huruhusiwi kuiuza wala kumkabidhi mwingine. Hakuna kitufe cha kuitoa gemu akaunti hii na kuipeleka ile. Wala hakuna huduma ya kuunganisha akaunti mbili kuwa moja, hata kama zote ni zako na ulizifungua kwa barua pepe tofauti.

Watu wamelipeleka jambo hili mahakamani. Ufaransa, chama cha kutetea walaji cha UFC-Que Choisir kiliishtaki Valve kikitaka mnunuzi aruhusiwe kuuza tena gemu zake za kidijitali. Mahakama ya Paris ilikubaliana nacho mwaka 2019, mahakama ya rufaa ikaitengua hukumu hiyo mwaka 2022, na mwaka 2024 mahakama ya juu ya nchi hiyo ikauunga mkono uamuzi huo wa mahakama ya rufaa. Katika jimbo la California, sheria iliyoanza Januari 2025 inayataka maduka yamweleze mnunuzi waziwazi kwamba anapata leseni. Mwaka 2024 pia, msaada wa wateja wa Steam ulimjibu mteja mmoja kwamba akaunti haiwezi kurithishwa hata kwa wosia.

Mimi sioni kama ni haki. Kitabu nilichokinunua naweza kumwachia mwanangu, na gemu niliyoilipia kwa jasho langu ingestahili vivyo hivyo. Lakini hali ndiyo hiyo, na anayeijua hujipanga mapema.

Ukiwa hujanunua bado, au umenunua kwenye akaunti isiyo sahihi

Haki ni nyepesi kuhama kabla haijafungwa kwenye akaunti. Baada ya hapo haitoki. Mambo matatu yanakusaidia hapa.

La kwanza ni zawadi. Unaponunua Steam, kwenye kikapu cha malipo chagua kwamba ni zawadi, kisha mchague rafiki kwenye orodha yako. Akiikubali, gemu inaingia kwenye akaunti yake. Zamani ungeweza kununua zawadi ukaiweka akiba na kuigawa baadaye. Tangu 2017 haiwezekani tena, inakwenda kwa mtu uliyemtaja. Kama mjomba yuko Muscat na anataka kumnunulia mtoto wa huku, mwambie atume kadi ya zawadi ya kidijitali ya Steam badala ya gemu yenyewe. Zawadi ya gemu hukataliwa pale bei za nchi mbili zinapotofautiana sana, lakini kadi ni fedha tu inayoingia kwenye pochi ya mpokeaji, yaani salio lake la Steam. Sharti la kadi ni kwamba wawili hao wawe wamekuwa marafiki kwenye Steam kwa siku 3 angalau, basi waongezane mapema, wasisubiri siku ya sikukuu.

La pili ni ufunguo, zile herufi na namba unazopata ukinunua kifurushi cha gemu kwenye maduka kama Humble Bundle. Ufunguo ambao haujaingizwa popote unaweza kumpa mtu. Ukishauingiza kwenye akaunti yako, umefungwa hapo.

La tatu ni kurudishiwa fedha, na hili ndilo lenye nafuu kubwa kwa aliyekosea. Umenunua kwenye akaunti ya kaka wakati ulitaka iingie ya kwako? Kama hazijapita siku 14 tangu ununue na gemu haijachezwa zaidi ya saa 2, Steam hurudisha fedha. Ingia Help, kisha Steam Support, fungua orodha ya manunuzi, chagua gemu, omba kurudishiwa. Chagua fedha irudi ulikolipia, si kwenye pochi ya akaunti hiyo, la sivyo itabaki kwa kaka vilevile. Epic, duka jingine la gemu, nao wana utaratibu wa siku 14 na saa 2 kwa gemu zao nyingi.

Familia ya Steam, njia iliyo bora kuliko zote

Mpaka 2024 Steam ilikuwa na mpango wa kuazimana maktaba ambao ulikuwa na kero moja kubwa: mtu mmoja akicheza gemu yoyote ya kwako, maktaba yako yote inafungwa kwa wengine. Mpango huo umepitwa. Septemba 2024 Valve ilizindua Familia za Steam, na kwa nyumba yenye watoto wawili watatu hakuna kitu cha kulinganisha nao. Haugharimu chochote.

Unavyofanya kazi ni hivi. Watu hadi 6, pamoja na wewe, wanaingia kwenye familia moja, kila mmoja na akaunti yake. Gemu za wote zinazoruhusiwa zinaonekana kwenye maktaba za wote. Kila mtu ana sevu zake, yaani mchezo wake uliohifadhiwa pale alipofikia, na tuzo zake, hachezei juu ya maendeleo ya mwenzake. Na kila nakala inahesabiwa peke yake. Chukua nyumba ambayo kaka ana Euro Truck Simulator 2 na dada ana Stardew Valley. Mdogo wao, ambaye hajanunua kitu, anaweza kuendesha lori kwa nakala ya kaka huku kaka analima kwenye Stardew ya dada. Kisichowezekana ni watu wawili kucheza Euro Truck kwa wakati mmoja wakati nyumba ina nakala moja. Wakitaka kucheza pamoja lazima ziwe mbili.

Hatua zake:

1. Kila mtu awe na akaunti yake ya Steam, na barua pepe yake mwenyewe ambayo anaikumbuka. Steam inataka mwenye akaunti awe na miaka 13 au zaidi. Mtoto mdogo kuliko hapo acheze kwenye akaunti ya mzazi, mzazi akiwepo.

2. Waongezane urafiki. Hapa wengi hukwama: akaunti ambayo haijawahi kutumia walau dola 5 dukani haiwezi kutuma maombi ya urafiki. Suluhisho ni aliyekwisha kununua gemu ndiye atume ombi, na mpya akubali. Hakuna haja ya kila mtu kulipa.

3. Mtu mzima mmoja afungue Steam, aingie Settings, kisha Family, aunde familia na kuipa jina.

4. Aalike mmoja mmoja, na kwa kila mmoja achague kama ni mtu mzima au mtoto. Usilipuuze hili. Mtu mzima anaweza kualika wengine, kuidhinisha manunuzi na kuweka mipaka. Mtoto hawezi, na wala hawezi kujitoa mwenyewe. Atatolewa na mtu mzima.

5. Mwalikwa aingie kwenye akaunti yake na akubali mwaliko.

6. Afunge Steam na kuifungua tena. Gemu za familia zitajitokeza kwenye maktaba yake.

Sasa kuhusu nani aingie. Valve inasema familia ni watu wa nyumba moja, na kuna kifungo cha mwaka mmoja kinacholinda sharti hilo. Mtu mzima anaweza kutoka wakati wowote, lakini hawezi kuunda wala kuingia familia nyingine mpaka utimie mwaka tangu alipoingia hii. Na nafasi aliyoiacha nayo inabaki tupu mpaka mwaka utimie tangu alipoikalia. Ukimwingiza rafiki wa darasani leo kwa sababu ana gemu nzuri, na kesho mkagombana, umejifungia nafasi ambayo mdogo wako angeihitaji. Nyumba zetu ni pana, najua. Yupo mpwa anayesomea kwenu, yupo binamu anayekuja likizo kutoka Muheza. Mpwa anayelala hapo mwaka mzima ni wa nyumba, mwingize. Binamu wa likizo acheze kwenye kompyuta yenu akija. Na ukiona mtu anauza nafasi ya familia kwenye kundi la WhatsApp, achana naye: unalipa ili maktaba yako ifungamane na watu usiowajua.

Kufungamana huko si maneno tu. Mwanafamilia akitumia programu ya kuchiti, yaani kudanganya mchezoni, kwenye gemu aliyoazima kwako na akafungiwa, na wewe mwenye nakala unaweza kufungiwa kwenye gemu hiyo hiyo. Kaa na vijana uwaeleze hili kabla ya kuwaalika, kwa upole lakini waziwazi. Anayechiti anamponza kaka yake.

Si kila gemu inaingia. Gemu za bure hazihusiki, kwa sababu kila mtu anajipakulia mwenyewe. Gemu inayohitaji akaunti ya kampuni nyingine au malipo ya kila mwezi mara nyingi haiingii, na watengenezaji wana uhuru wa kukataa. Usibahatishe. Fungua ukurasa wa gemu dukani, tazama upande wa kulia kwenye orodha ya sifa, utafute maneno Family Sharing. Yakiwepo, nunua ukijua nyumba nzima itafaidi. Mimi ningeifanya hiyo iwe kanuni ya nyumba: kabla ya kutumia dola hata moja, tazama hapo.

Nyongeza za gemu hufuata nakala. Kaka akiwa na ramani za ziada za Euro Truck, mdogo anayetumia nakala ya kaka anazipata. Mdogo akija kununua gemu ya msingi kwa akaunti yake, nakala yake mpya haibebi ramani za kaka.

Na kwa yule mwenye akaunti mbili, moja ya zamani na moja ya sasa, jibu lako ni hili hili. Weka akaunti zako mbili kwenye familia moja. Zitakula nafasi mbili, ila gemu za zamani utazichezea kwenye akaunti mpya.

Familia inafanya kazi hata bila intaneti. Kabla bando halijaisha, ifungue gemu mara moja ukiwa mtandaoni ili sasisho likamilike, kisha kwenye menyu ya Steam chagua Go Offline.

Kuhamisha mafaili bila kuchoma bando

Haki imeshapatikana, sasa gemu iingie kwenye kompyuta ya pili. Stardew Valley inahitaji nafasi ya megabaiti 500 hivi, hiyo ipakue tu. Red Dead Redemption 2 inataka gigabaiti 150. Kwa kasi ya megabaiti 1 kwa sekunde hizo ni saa 42 za kupakua mfululizo, na sijui nani mwenye bando la namna hiyo. Huna sababu ya kuzipakua mara mbili.

Kama ni kompyuta ile ile moja, hakuna cha kuhamisha. Akaunti zote zinazoingia Steam kwenye kompyuta hiyo hutumia mafaili yale yale yaliyokwisha kusakinishwa. Anayeingia abonyeze Install, Steam itayaona.

Kama ni kompyuta mbili kwenye mtandao mmoja wa nyumbani, Steam ina njia yake tangu 2023. Kwenye zote mbili ingia Settings, kisha Downloads, tafuta sehemu ya kuhamisha mafaili ya gemu kwenye mtandao wa ndani, na uruhusu marafiki. Hakikisha kompyuta yenye gemu imewashwa, Steam iko wazi mtandaoni na gemu imesasishwa, kisha kwenye ya pili bonyeza Install kama kawaida. Steam itavuta kutoka kompyuta ya jirani. Mtandao huo si lazima uwe rauta ya kulipia. Kompyuta mbili zilizounganishwa kwenye hotspoti ya simu moja kwa kawaida huonana, na yanayopita baina yao hayali bando lako, ila mawasiliano madogo ya Steam na seva zake. Lakini kaa ukitazama! Zisipoonana, Steam itapakua kutoka intaneti bila kukuuliza. Angalia kihesabio cha data kwenye simu kwa dakika mbili za mwanzo. Kikipanda mbio, simamisha mara moja. Ukipata rauta na waya wa mtandao wa gigabiti, na kompyuta zote zina SSD, yaani diski za kasi, hata zile gigabaiti 150 huisha chini ya saa moja.

Kama kompyuta ziko mbali, mwanafamilia mmoja yuko Pangani kikazi kwa mfano, tumia diski ya nje. Na hapa kuna mtego unaomkamata karibu kila anayeanza. Flashi nyingi huja na mpangilio wa FAT32, ambao haukubali faili moja lizidi gigabaiti 4. Gemu kubwa zina mafaili makubwa kuliko hapo. Utaona flashi ina nafasi tele lakini Windows inakataa kunakili. Hamisha kwanza vilivyomo, kisha ifomati kwa exFAT. Kufomati kunafuta kila kitu, kwa hiyo picha za arusi zitoke kwanza. Halafu tazama tundu unalochomeka. USB 3, ambalo mara nyingi lina rangi ya bluu ndani, hukimbia mara kadhaa kuliko USB 2.

Kisha:

1. Kwenye kompyuta yenye gemu, sasisha gemu kabisa. Kwenye maktaba bonyeza jina lake kwa kitufe cha kulia cha mausi, chagua Manage, kisha Browse local files. Folda inayofunguka ndiyo gemu. Rudi nyuma hatua moja, utajikuta kwenye folda iitwayo common.

2. Funga Steam kabisa, si kupunguza dirisha tu. Nakili folda nzima ya gemu kwenye diski ya nje.

3. Kwenye kompyuta ya pili, bandika folda hiyo ndani ya folda ya Steam, kwenye steamapps, kisha common, bila kubadilisha jina hata herufi.

4. Fungua Steam kwa akaunti yenye haki, yaani ya mwenye gemu au ya mwanafamilia. Bonyeza Install na uchague diski ile ile ulikobandika.

5. Steam itakagua yaliyopo na kupakua kilichopungua tu. Usiogope ukiona imeandika gigabaiti zote mwanzoni, subiri ukaguzi umalizike.

Epic ni wagumu kidogo, hawatambui folda iliyobandikwa kabla. Kwenye kompyuta mpya anza kusakinisha gemu, acha ifike asilimia moja au mbili, simamisha, na ufunge programu ya Epic. Bandika mafaili yako juu ya folda iliyotengenezwa, ukubali kubadilisha yaliyomo. Fungua tena na uendelee. Itayakagua na kuruka yaliyokamilika.

Sevu zako

Hapa ndipo watu hulia kweli. Gigabaiti zinapakuliwa tena, lakini shamba ulilolima miaka miwili mchezoni halipakuliwi popote kama halikuhifadhiwa. Steam Cloud, hifadhi ya mtandaoni ya Steam, hutunza sevu za gemu nyingi, ila kwa akaunti. Ukihamia akaunti nyingine, ya zamani haikufuati yenyewe.

Kwa Stardew Valley ni rahisi. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata%, ingia, fungua StardewValley, kisha Saves. Kila shamba ni folda moja. Nakili folda nzima kwenye flashi na uibandike mahali pale pale kwenye kompyuta nyingine. Steam ikisema ya mtandaoni na ya kompyuta hazilingani, chagua ya kompyuta. Kwa Euro Truck Simulator 2, ndani ya gemu hariri wasifu wako na uondoe alama ya kutumia Steam Cloud, kisha utaupata kwenye Documents, folda ya gemu, ndani ya profiles. Zipo gemu nyingine ambazo sevu hufungwa kwa namba ya akaunti, na hizo hazifunguki kwa mtu mwingine hata ukizibeba. Kwa vyovyote vile, weka nakala ya akiba kabla ya kugusa.

Ndugu wawili wakitumia kompyuta moja, ningewashauri kila mmoja awe na akaunti yake ya Windows pia. Gemu zinazoweka sevu kwenye folda ya mtumiaji wa Windows huchanganya mashamba ya wote wawili, na siku moja mtoto atafuta la kaka yake akidhani ni la kwake.

GOG, kwa anayetaka kitu kikae

GOG ni duka la gemu lililoanzishwa 2008 na watu wa CD Projekt, kampuni ya Poland, na gemu zake za kawaida hazina kufuli. Unapakua kisakinishi, unakiweka kwenye diski, na miaka kumi baadaye kitasakinisha bila intaneti na bila kuulizwa akaunti. Ingia kwenye akaunti yako kwa kivinjari, fungua gemu, shuka hadi visakinishi vya nje ya mtandao, pakua vipande vyote. Gemu kubwa hugawanywa, kuna faili la exe na mengine ya bin. Yote yakae folda moja, kimoja kikipotea hakuna kitakachofunguka.

Unaruhusiwa kusakinisha kwenye kompyuta za nyumba yako. Kumgawia mtaa mzima si ruhusa, na nakuomba usifanye. Ni kampuni chache zinazomwamini mnunuzi kiasi hicho, na imani hiyo ikivunjwa tutakaoumia ni sisi tunaoitegemea. Gemu ikipatikana Steam na GOG kwa bei moja, na hutegemei kuicheza mtandaoni na wenzako, mimi ningeichukua GOG kwa sababu hiyo tu. Fedha hurudishwa ndani ya siku 30.

Epic na mengine

Epic, waliofungua duka lao Desemba 2018, hawana mpango wa familia. Lakini kila Alhamisi hutoa gemu bure, na ukishaichukua inabaki kwenye akaunti yako. Basi kila kijana wa nyumba mwenye umri afungue akaunti yake na achukue mwenyewe kila wiki. Kuichukua hakuhitaji kuipakua, ni kubonyeza tu, unaweza hata kwa simu. Kisha mafaili yapakuliwe mara moja na kusambazwa kwa diski kama nilivyoeleza. Programu za EA na Ubisoft, kampuni nyingine za gemu, hazina njia ya kuazimana maktaba, haki ikiingia huko inabaki na mwenye akaunti.

Mabanda ya gemu

Mwenye banda, Familia ya Steam si ya kwako. Leseni hizi ni za matumizi binafsi, na kumtoza mtu kwa saa ni biashara. Valve ina mpango mwingine wa leseni kwa kumbi za kompyuta, Steam PC Café. Ulizia huo kabla ya kufungua, usije ukajenga biashara juu ya akaunti inayoweza kufungwa asubuhi moja.

Nywila haiazimwi

"Kaka, nipe tu nywila, nitacheza usiku ukiwa umelala." Kwa heshima zote, mkatalie, hata kama mmekua pamoja. Akibadilisha barua pepe, akichiti, au simu yake ikiibwa, kinachopotea ni maktaba yako yote. Vivyo hivyo usinunue akaunti yenye gemu tayari. Mwenye asili akithibitisha kwa Valve kwa risiti za manunuzi yake ya kwanza, anarudishiwa, na wewe huna pa kudai.

Washa Steam Guard, ulinzi wa akaunti unaotaka uthibitisho wa kuingia, kwenye simu. Ukiiwasha utapewa msimbo wa akiba unaoanza na R. Uandike kwenye daftari, kwa sababu simu ikipotea ndio utakaokufungulia. Na usiskani msimbo wa mraba (QR) wa kuingilia uliotumiwa na mtu kwenye soga, hata awe rafiki. Ukiuthibitisha umemfungulia mlango. Anayekuandikia kwamba "nimekuripoti kimakosa, wasiliana na huyu msimamizi" ni tapeli. Wasimamizi wa Steam hawakutafuti kwenye Discord, programu ya soga ya wachezaji.

Kabla ya kuuza laptopu

Mnunuzi akishafika ni kuchelewa, fanya usiku wa kabla. Nakili sevu. Nakili folda za gemu kubwa kwenye diski ya nje ili usipakue tena. Kwenye Steam chagua kutoka kwenye akaunti, si kufunga dirisha, na kwenye skrini ya kuchagua mchezaji ondoa majina yote ya nyumba. Fanya hivyo Epic na GOG pia. Kisha, kwa simu yako, ingia kwenye maelezo ya akaunti ya Steam, fungua orodha ya vifaa vilivyoidhinishwa, na uiondoe laptopu hiyo. Mwisho irejeshe Windows upya kwa kufuta kila kitu. Kama mdogo wako aliitumia, naye aiondoe kwenye akaunti yake, kwa sababu kuiondoa kwenye yako hakuigusi ya kwake.